Daudi Alicheza kwa Viatu vya Chuma: Duke Ellington Kanisani, 1965

Bunny Briggs ana viatu vyenye vipande vya chuma kwenye soli, vile vya wachezaji wa kumbi za starehe za Harlem, mtaa wa weusi huko New York. Nyuma yake kuna kwaya, kando yake orkesta ya Duke Ellington, mtunzi na kiongozi wa bendi ya jazz wa Marekani, na juu yao dari refu la Grace Cathedral, kanisa kuu la Kiepiskopali la San Francisco. Ni tarehe 16 Septemba 1965 na kamera za televisheni zinafanya kazi. Briggs anaanza kugonga sakafu kidogokidogo, anajibizana na dramu, huku waimbaji wakisema kwamba Daudi alicheza mbele za Bwana kwa nguvu zake zote. Kisha anaachia. Chuma kinalia kanisa zima.

Habari yenyewe iko katika kitabu cha pili cha Samweli, sura ya 6. Sanduku la agano linaletwa mjini, mfalme anavua heshima zake za kifalme, anabaki na naivera ya kitani na kucheza barabarani. Wahubiri wengi huishia hapo. Lakini sura inaendelea: Mikali binti Sauli, mkewe, anachungulia dirishani, anamwona mumewe akirukaruka, na anamdharau moyoni. Kila ninapoitazama rekodi hii, Mikali ndiye ninayemfikiria, kwa sababu tamasha zima limejengwa kama jibu kwake.

Ninachotaka kusema kuhusu tamasha hili ni kimoja tu. Ellington hakubadilisha ufundi wa watu wake ili wafae kanisani. Aliwaingiza na milio yao ileile ya klabu, mikwaruzo yao ileile, hata viatu vyao. Pale alipowaacha wawe walivyo, muziki ulisimama. Pale alipojaribu kuongea kikanisa, ulipwaya. Televisheni ndiyo inayotuonyesha jambo hilo, maana kwenye sahani ya muziki mtu anaweza kufumba macho na kujidanganya kwamba anasikiliza kitu kingine.

Nianze na kanisa. Grace Cathedral iko Nob Hill, kilima cha matajiri, kwenye kiwanja kilichokuwa na majumba ya familia ya Crocker mpaka tetemeko na moto wa 1906 vilipoyateketeza. Familia ikatoa ardhi kwa kanisa. Ujenzi ulianza miaka ya 1920, ukakwama, ukaendelea, na jengo likakamilika mwaka 1964. Novemba mwaka huo likawekwa wakfu, na sherehe zake zikaendelea hadi mwaka uliofuata. Askofu alikuwa James Pike, mtu wa maneno mengi na mabishano mengi, ambaye miaka ya 1950 alikuwa na kipindi chake cha televisheni alipokuwa mkuu wa kanisa kuu la St. John the Divine huko New York. Televisheni haikuwa kitu cha kumtisha.

Machi 1965 Martin Luther King alihubiri humo, siku chache tu baada ya maandamano ya kudai haki ya kura yaliyotoka Selma kufika Montgomery, Alabama. Mei mpiga piano Vince Guaraldi akapiga misa ya jazz pamoja na kwaya. Kwa hiyo Ellington hakuwa wa kwanza kuleta jazz chini ya dari lile, ila Guaraldi alikuja na bendi ndogo. Ellington alikuja na jeshi zima.

Waliomwalika ni mkuu wa kanisa kuu, C. Julian Bartlett, na kanoni John Yaryan. Ellington alikuwa na umri wa miaka 66, na mwaka huo ulikuwa umeshampa dharau ya hadharani. Jopo la majaji wa muziki wa Pulitzer, tuzo kubwa ya Marekani, lilipendekeza apewe heshima maalumu kwa kazi ya maisha yake, na bodi ikakataa. Yeye akasema majaliwa yanamtendea wema, hayataki awe maarufu sana angali mdogo. Watu wakacheka. Mimi nasikia mtu aliyeumia na ambaye hataki kuwapa watesi wake raha ya kuona. Miezi michache baadaye akatoka na kazi aliyoitaja kuwa muhimu kuliko zote alizowahi kufanya.

Maneno yake mengine ya wakati ule yananigusa zaidi. Alisema sasa anaweza kuyanena hadharani yale ambayo muda mrefu amekuwa akiyasema peke yake akiwa amepiga magoti. Alikuwa msomaji wa Biblia tangu zamani. Alipokuwa mtoto huko Washington, Jumapili zake ziligawanyika kati ya kanisa la Kibaptisti la upande wa mama na la Kimethodisti la upande wa baba. Na aliogopa. Kwa mawazo yake, katika muziki wa dunia mtu anaweza kufanya mzaha akapita, lakini huwezi kumletea Mwenyezi Mungu mzaha. Mtu aliyekuwa amepiga mbele ya wafalme na marais alichukua muda kabla ya kuukubali mwaliko huu.

Sasa kamera. Kituo kilichorekodi ni KQED cha San Francisco, kituo cha elimu kisicho cha kibiashara, na mtu aliyesukuma jambo hilo ni Ralph J. Gleason, mwandishi wa safu ya jazz katika gazeti la San Francisco Chronicle. Gleason alikuwa mmoja wa waanzilishi wa tamasha la jazz la Monterey mwaka 1958, na tayari alikuwa na kipindi cha jazz kilichorushwa katika vituo vya elimu nchini kote. Aliandamana na Ellington kwa filamu nyingine pia, ya mazungumzo na safari. Lakini hii ya kanisani ndiyo ninayoiona kuwa hazina. Ni picha za nyeusi na nyeupe, hazina madoido, kamera zinatulia na kumwacha mtu afanye kazi yake. Sisi tuliozoea video za kwaya zinazokatwa kila sekunde mbili, watu wakihamishwa kutoka ufukweni hadi bustani ya hoteli wakiwa na sare mpya kila beti, tunaweza kujifunza kitu hapo. Naacha.

Jengo lenyewe linasumbua. Sauti ikitoka humo hukaa hewani karibu sekunde saba kabla ya kufa. Kwa kwaya inayoimba wimbo wa taratibu hiyo ni zawadi. Kwa orkesta ya tarumbeta, tromboni, saksafoni na dramu ni balaa, kwa sababu mlio wa kwanza unakuwa bado uko darini wakati wa tatu unapigwa. Ukisikiliza kwa makini utaona sehemu za kasi zinachanganyikana, na mpiga dramu Louie Bellson, aliyejulikana kwa kutumia ngoma mbili kubwa za miguu badala ya moja, anajikuta akipambana na mwangwi wa ngoma zake mwenyewe. Ellington alikuwa mjanja. Sehemu nyingi alizipanga na nafasi, mtu mmoja anasema, kunakuwa kimya, mwingine anajibu. Kanisa likapewa muda wa kujibu nalo.

Nani walikuwa kwenye viti? Harry Carney, saksafoni nzito ya chini, aliyejiunga na Ellington mwaka 1927 akiwa kijana wa miaka 17 na hakutoka tena. Ndiye aliyemwendesha Ellington kwa gari lake mwenyewe kutoka mji hadi mji, wenzao wakipanda basi. Johnny Hodges, saksafoni ya alto, uso wake hauonyeshi jua wala mvua. Paul Gonsalves, saksafoni ya tenor. Lawrence Brown, tromboni. Cat Anderson, ambaye tarumbeta yake ilipanda mahali ambapo wenzake hawakuthubutu. Na Cootie Williams.

Nataka nikae na Cootie Williams kidogo. Ule mlio wake wa kunguruma, tarumbeta inayolalamika kama binadamu, unatengenezwa kwa kutumia kipande cha mpira cha kuzibulia masinki. Ndiyo, kilekile cha fundi bomba, bila mpini. Mpigaji anakifunika na kukifunua mbele ya mdomo wa tarumbeta huku akikoroma kooni. Mtindo huo ndio uliowapa jina katika Cotton Club ya Harlem mwishoni mwa miaka ya 1920, klabu ambayo wapigaji na wachezaji walikuwa weusi na wateja walioketi mezani walikuwa weupe. Watu walikuja kuona vitu vya porini, na Ellington akawapa mlio waliouita wa porini huku yeye akiandika muziki ambao wengi wao hawakuwa na uwezo wa kuuelewa. Mlio huo sasa umeingia kanisa kuu. Hakuna aliyeuosha kwanza.

Hapo ndipo wimbo wa Come Sunday unapochoma. Ellington aliuandika kwa ajili ya kazi yake kubwa kuhusu historia ya Wamarekani weusi, iliyopigwa mara ya kwanza katika ukumbi wa Carnegie Hall, New York, tarehe 23 Januari 1943. Katika simulizi ya kazi ile, Come Sunday ni muziki wa watumwa waliosimama nje ya kanisa la mabwana zao. Hawaruhusiwi kuingia. Wanasikia kinanda na nyimbo kupitia ukutani, wanatazama watu wakiingia na kutoka, na wanaabudu wakiwa palepale uani. Wimbo wa watu wa nje, umeandikwa kutoka nje.

Halafu inafika 1965 na wimbo huohuo unapigwa ndani, katika kanisa kuu la kilima cha matajiri, na wajukuu wa wale wa uani. Mwezi mmoja tu nyuma, Agosti, rais alikuwa ametia saini sheria ya haki ya kupiga kura, na siku chache baada ya saini hiyo mtaa wa weusi wa Watts huko Los Angeles ukalipuka kwa ghasia na moto. Ellington hasemi neno juu ya mambo hayo. Anampa Hodges nafasi. Hodges anapiga bila kukunja uso, utadhani anasubiri basi, na kinachotoka kwenye ile saksafoni ni kilio kilichonyooka, noti moja ikiteleza hadi nyingine bila mshono. Esther Marrow naye anauimba kwa maneno. Alikuwa binti mdogo tu wakati ule, wa kutoka Virginia, na sauti yake ni ya kanisa la Injili, haina woga na haiombi ruhusa.

Mahalia Jackson, mwimbaji mkubwa wa Injili, alikwisha kuuimba wimbo huo na Ellington mwaka 1958, na wengi watakwambia hakuna wa kumfikia. Sibishani nao. Ila sahani yao ile ni ya studio, na mahali ulipoimbwa wimbo huu ni nusu ya wimbo wenyewe.

Sasa kumbukeni Bunny Briggs na viatu vyake. Wimbo anaouchezea ni Come Sunday hiyohiyo, melodia ileile, imeongezwa kasi. Kile kilio cha watu wa uani kimefanywa dansi ya mfalme. Nilichukua muda kulitambua hilo, kwa sababu kasi inaficha. Ukishalisikia huwezi kuacha kulisikia.

Kazi mpya kubwa ya usiku ule iliitwa In the Beginning God. Maneno hayo manne ya mwanzo wa Biblia ya Kiingereza yana silabi sita, na Ellington akayapa noti sita zinazorudi tena na tena kama msingi wa kazi nzima. (Wanakwaya wenzangu, hesabuni "Hapo mwanzo Mungu" kwa vidole halafu mniambie kama hatuwezi kuuimba.) Carney anazitoa zile noti kwa saksafoni yake nzito, polepole, dunia bado haijawa na umbo. Kisha mwimbaji, usiku ule akiwa Jon Hendricks, anataja vitu ambavyo mwanzoni havikuwepo. Hakuna milima, hakuna mabonde. Sawa, hayo ni ya Mwanzo sura ya 1. Lakini anaendelea: hakuna bili za kulipa, hakuna magari ya Cadillac. Watu kanisani wanapaswa wafanye nini hapo, wacheke?

Nadhani ndiyo, wacheke. Na hapo nakubaliana nusu na wakosoaji waliosema maneno ya Ellington ni mepesi. Ni mepesi kweli. Alikuwa bingwa wa melodia na wa kupanga sauti, lakini mashairi yake yana utani wa mtangazaji wa jukwaani, ule wa kumwambia kila mtu kwamba anampenda kupita kiasi. Baadhi ya mistari inanifanya nitazame chini. Kilichookoa kazi ile ni kwamba haikai kwenye maneno muda mrefu. Kwaya inaanza kutamka majina ya vitabu vya Biblia, kimoja baada ya kingine, kwa mdundo, huku Gonsalves akipuliza saksafoni yake ya tenor juu ya orodha hiyo. Mtu yeyote aliyekariri vitabu 66 kwenye Shule ya Jumapili anajua uchovu wa orodha ile. Hapa inageuka ngoma. Na Cat Anderson anapanda, anapanda, mpaka unaogopa kwa niaba yake. Kazi hiyo ilipata tuzo ya Grammy ya mwaka 1966, kama utunzi bora mpya wa jazz. Bodi ya Pulitzer nayo ilisubiri hadi 1999, mtu akiwa kaburini miaka 25.

Wakosoaji walisema pia kwamba tamasha lilikuwa viraka. Ni kweli vilevile. Come Sunday ni ya 1943, sehemu nyingine zilitoka kwenye onyesho la My People alilolifanya Chicago mwaka 1963, na kipande cha piano cha New World A-Comin' nacho kilikuwa cha zamani. Hilo halinisumbui hata kidogo. Anayepeleka sadaka hapeleki lazima kilichonunuliwa asubuhi hiyo. Kinachonisumbua ni zile dakika ambapo kwaya inaimba kwa ustaarabu mno, sauti zimenyooshwa, herufi zinatamkwa kwa usafi wa kanisa kuu, na wimbo unapita bila kugusa mtu. Orkesta inakaa pembeni kwa adabu. Hapo ndipo nasema ulipwaya. Watu wa Ellington wakikaa kwa adabu, kila mtu anapata hasara.

Niwape kisa cha kwetu. Dramu za kisasa zilipoletwa kanisani, tukiwa tumezoea kinanda na kayamba, aliyezipiga alikuwa kijana aliyekuwa akipata riziki yake kwenye bendi ya hoteli. Baada ya ibada mzee mmoja wa kanisa alimvuta kando.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Hebu niambie, hizi fimbo zako jana usiku zilikuwa wapi?"

"Zilikuwa kazini, mzee."

"Na leo?"

"Na leo ziko kazini."

Mzee alicheka, lakini hakuridhika. Baadaye lilifikishwa kwenye kikao, likazungushwa, likaachwa. Kila Kwaresima dramu zilifunikwa kitambaa. Sijui kama kitambaa hicho kilikuwa cha toba au cha kumpa mzee ushindi mdogo.

Swali la mzee yule ndilo aliloulizwa Ellington, tena na watu wake mwenyewe. Desemba 1966 alipeleka tamasha hili Washington, mji aliozaliwa, katika ukumbi wa Constitution Hall. Ukumbi huo una historia: mwaka 1939 wenye nao walimkatalia mwimbaji mweusi Marian Anderson kuimba humo kwa sababu ya rangi yake. Sasa ukumbi ulifunguka, na waliogoma ni wachungaji weusi wa Kibaptisti wa mji huo. Muungano wao ulikataa kuliunga mkono tamasha, kwa hoja kwamba mtu huyu ni wa klabu za usiku na muziki wake ni wa dunia. Huo ndio mji ambao mama yake alimshika mkono kumpeleka kanisani.

Siwacheki wachungaji wale. Walikuwa wamewaona vijana wao wakipotea kwenye vilabu, na walijua pesa za vilabu hivyo zinakwenda kwa nani. Mzee wetu naye alimzika mwanawe kwa sababu ya pombe. Mikali mwenyewe alikuwa na sababu zake, ukisoma sura zilizotangulia uone alivyohamishwa kutoka mume hadi mume kwa amri za wanaume. Lakini muziki ule ulikuwa umetoka kanisani kwao. Mlio wa Cootie Williams ni mlio wa mhubiri anayekoroma maneno karibu na mwisho wa mahubiri. Kuitana na kujibizana kwa tarumbeta na saksafoni ni kwa kiongozi na waumini. Mtoto alirudi nyumbani na nguo za mjini, wazazi wakamkataa mlangoni wakati majirani wa Nob Hill wamemfungulia.

Miaka ile makanisa mengi yalikuwa yakibishana jambo hilohilo. Huko Kamina, Katanga, nchini Kongo, padri Guido Haazen kutoka Ubelgiji alikuwa ameshawaongoza wavulana na walimu wao kuimba misa ya Kilatini kwa midundo ya Kiluba, iliyorekodiwa mwaka 1958 na kujulikana dunia nzima kama Missa Luba. Desemba 1963 Mtaguso wa Pili wa Vatikano ulitoa hati juu ya liturujia iliyotambua muziki wa mataifa mbalimbali katika ibada, na ngoma ambazo wamisionari wengi walizifukuza Afrika Mashariki zikaanza kurudi ndani. Tofauti ni kwamba kwetu mabishano yalihusu ngoma ya jadi, iliyohesabiwa kuwa ya kipagani. Ellington alikuja na kitu kigumu zaidi kukitetea, muziki wa biashara ya usiku, wa tiketi na pombe. Huwezi kuutetea kwa kusema ni urithi wa mababu. Inabidi useme: hii ndiyo kazi ninayoijua, na ninaileta.

Baada ya San Francisco mambo yalikwenda haraka. Desemba 26, 1965 tamasha lilirudiwa New York katika kanisa la Presbiteri la Fifth Avenue, mwimbaji Lena Horne akiwemo na Brock Peters akiimba mahali pa Hendricks, na huko ndiko ilikotoka sahani inayouzwa hadi leo. Februari 1966 akaenda Coventry, Uingereza. Kanisa kuu la Coventry lilipigwa mabomu na Wajerumani Novemba 1940, na jipya likajengwa kando ya magofu na kuwekwa wakfu mwaka 1962. Televisheni ya huko nayo ikarekodi, ikarusha wakati wa Pasaka. Ninaipenda ile ya Coventry kwa sababu jengo ni la kisasa na sauti ni kavu kidogo, unamsikia kila mtu. Lakini haina Briggs. Aprili mwaka huohuo Ellington alikuwa Dakar, kwenye tamasha la kwanza la dunia la sanaa za watu weusi.

Tamasha la pili la aina hii, lenye nyimbo mpya, lilifanyika Januari 1968 kule St. John the Divine. Billy Strayhorn, mtunzi mwenzake wa karibu miaka 30, alikuwa amefariki Mei 1967, na Ellington akaweka ndani ya tamasha uhuru wa aina nne ambao alisema ndio uliokuwa dira ya maisha ya Strayhorn: kuwa huru na chuki, huru na kujihurumia, huru na hofu ya kumsaidia mwingine zaidi ya unavyojisaidia, na huru na kiburi cha kujiona bora kuliko ndugu yako. Maneno hayo si mepesi. Mwimbaji Alice Babs wa Sweden anapanda juu kwa sauti safi isiyo na uzito, na kwa mara ya kwanza usafi wa sauti haukunichosha, kwa sababu chini yake orkesta inanguruma. Mwisho wake wanacheza, tena.

La tatu ni la Westminster Abbey, London, tarehe 24 Oktoba 1973, Siku ya Umoja wa Mataifa. Alikuwa mgonjwa wa saratani. Mwezi uliofuata safari ikamleta pande zetu, Addis Ababa, ambako Haile Selassie alimpa nishani na ambako Mulatu Astatke, mwanamuziki wa jazz wa Ethiopia, alikutana naye, kisha Zambia. Mei 24, 1974 akafa. Watu zaidi ya 12,000 walihudhuria mazishi St. John the Divine, na Carney, dereva wake, akamfuata Oktoba mwaka huohuo.

Mkitaka kutazama, tafuteni kwanza rekodi ya Grace Cathedral, na muitazame kwenye kioo kikubwa badala ya simu, la sivyo miguu ya Briggs itakuwa ukungu. Ikiwashinda kuvumilia Cadillac na bili za kulipa, rukeni mbele mpaka Hodges asimame. Halafu Coventry. Ya 1968 ni ya kusikiliza tu, wekeni spika nzuri. Ya Westminster mnaweza kuiacha; kwaya ilikuwa na adabu kupita kiasi na orkesta ilikuwa imechoka, na mwenye orkesta alikuwa anakufa. Kama kuna mwalimu wa kwaya anayesoma hapa na ana vijana wawili wa tarumbeta, ile ya noti sita iko ndani ya uwezo wenu. Mpira wa kuzibulia sinki unapatikana duka lolote la vifaa vya bomba.